Magauni kumi na moja

Machi 2022, ndani ya Shaabani, hapa Majengo, Dodoma, tulikuwa na cherehani mbili na magauni kumi na moja ya harusi moja. Bibi harusi alitujia siku saba kabla ya nikaha, duka kubwa limemrudishia vitambaa. Tulikubali, kisha tukaogopa.

Usiku wa kuamkia tarehe 18 tulishona huku simu ikituonyesha mpira wa kikapu wa vyuo vya Marekani, ili tusisinzie tu. Saint Peter's, chuo kidogo cha Jersey City (cha mapadri, tusifichane), dhidi ya Kentucky, mabingwa mara 8. Tulipowaona mapacha wa Mali, Hassan na Fousseyni Drame, tukawa wa Saint Peter's papo hapo. Sare, dakika tano za nyongeza, wakashinda 85 kwa 79! Tuliachia mkasi.

Wakawatoa na Murray State, na Purdue. Timu iliyopangwa ya 15 haijawahi kabla yao kufika nane bora. North Carolina ndio waliowasimamisha, 69 kwa 49.

Na sisi? Magauni kumi yalifika kabla ya nikaha. La kumi na moja tulilipinda ukumbini, mvaaji kasimama nyuma ya pazia, sindano mkononi mwetu, kaswida imeshaanza.