Ya Kale na Mapya: Somo Kutoka Japani

Sisi tunaofundisha mbinu za Hisabati huulizwa mara kwa mara na wanachuo wetu: je, katika zama hizi za vikokotoo na kompyuta, yafaa bado mtoto kuhesabu kwa vijiti na visoda? Swali hilo si dogo, na kila tulitafakaripo huikumbuka Japani, nchi ambayo wengi huisifu kwa mitambo yake tu.

Katika mji wa Ise, huko Japani, lipo hekalu kuu la dini ya Shinto. Tangu mwaka 690 desturi ni kulijenga upya kila baada ya miaka 20, kwa umbo lile lile, katika kiwanja kilicho kando ya lile linalovunjwa. Vita vya wenyewe kwa wenyewe viliikatiza desturi hiyo kwa zaidi ya miaka 100 katika karne ya 15 na ya 16, lakini ilifufuliwa. Ujenzi wa mara ya 62 ulikamilika mwaka 2013. Unaofuata unatazamiwa mwaka 2033. Je, hekalu hilo ni la kale au ni jipya? Mbao ni mpya, bali ujuzi ni wa kale. Mwanagenzi anayeshika randa katika ujenzi mmoja aweza kuwa fundi mkuu katika ujenzi unaofuata, naye akawafundisha wengine. Kwa maoni yetu, urithi wenyewe umo katika mikono hiyo.

Shuleni nako mambo huenda vivyo hivyo. Mtoto wa Kijapani afikapo darasa la tatu huanza kuandika kwa brashi na wino, na hujifunza kuhesabu kwa soroban, yaani kifaa chenye shanga zinazosukumwa katika vijiti. Tangu mwaka 2020, shule hizo hizo za msingi hufundisha pia misingi ya programu za kompyuta. Kikokotoo humpa mtoto jibu upesi. Shanga humwezesha kuigusa kwa vidole thamani ya makumi na mamia. Kila kimoja kina kazi yake.

Ndugu mwanachuo, kabla hujakitupa kifaa cha zamani au kukipokea kipya, jiulize kinamsaidia mtoto kuelewa nini. Na lile utakaloamua kulifundisha, lifundishe hata mwanafunzi wako aweze kumfundisha mwenziwe. Jambo lisilofundishwa hufa, hata likitunzwa kabatini.