Wimbo wa kufungua

Kenya ilipata televisheni mwaka 1962, Uganda ikafuata 1963. Siku hizo kanda za kurekodia picha zilikuwa ghali, kwa hivyo mengi ya studio yalienda hewani palepale yakichezwa. Mwigizaji akisahau maneno, kila mwenye seti anamwona. Mpiga muziki wa kazi kama hiyo anahitaji kipande cha kuvutika: unakirudia mara mbili, mara tano, na mtazamaji hajui kwamba mnangoja mtu avae koti.

Haya nilianza kuyafikiria Lunyo, kwa babu. Mwaka 2008 tulivuka Busia tukikimbia vita vya uchaguzi Kenya, tukakaa kwa ndugu kabla ya kupelekwa Mulanda kule Tororo, halafu Kiryandongo. Babu alikuwa akisema zamani antena ukiigeuza huku unapata Nairobi, kule unapata Kampala, na usiku kila kituo kinafunga na wimbo wake wa taifa. Mpaka ulikuwa kwenye mti wa antena, ati.

Wimbo wa Kenya ulitengenezwa 1963 na kamati ya watu watano, kutoka kwa wimbo wa Wapokomo wa kubembeleza mtoto. Mmoja wao, Senoga-Zake, alizaliwa Uganda! Hilo huwa nawaambia vijana wangu kila mara, hata wamechoka. Wa Uganda aliutunga Kakoma, na ni mfupi sana, ukizubaa umeisha.

Mwaka huu tunaandaa igizo la Siku ya Wakimbizi, tarehe 20 Juni. Halirekodiwi, linachezwa uwanjani mara moja tu. Afisa mmoja akasema tufungue kwa wimbo wa Uganda. Ni sawa, ndiyo nchi iliyotupokea, na tutauimba. Lakini msichana mmoja wa Sudan Kusini, miaka kumi na minne, akauliza: "Na wa kwetu? Mimi nilitoka kabla sijaujua." Watu kimya. Mimi pia sikuwa na jibu la kumpa pale.

Nikakumbuka Wapokomo. Nikawaambia kila mtu akaulize nyumbani alibembelezwa na wimbo gani. Kesho yake wakaja na Kiluhya, Kiacholi, Kiswahili cha Bukavu. Yule msichana hana mama, shangazi yake ndiye aliyemwimbia, tena sauti tu, maneno ameyasahau. Tukachukua sauti hiyo, kwa sababu bila maneno hakuna anayebaki nje.

Sasa ndiyo inafungua igizo, baada ya wimbo wa taifa. Katikati tumeacha sehemu ya kuvutika, maana jenereta ya hapa tunaijua. Wenye ngoma wanaangalia mkono wa msichana: ukiwa juu wanarudia, ukishuka pazia linafunguka. Jana aliushikilia juu mpaka adungu ikakata uzi. Fundi anataka shilingi elfu tano, na mimi nimebaki na elfu mbili.