Sauti ya Bene Gesserit, kutoka kitabuni hadi kwenye sinema

Bene Gesserit ni chama cha siri cha wanawake kilichobuniwa na mwandishi Mmarekani Frank Herbert katika riwaya ya Dune, iliyotoka mwaka 1965. Wanachama wake huishi kama wake, masuria na washauri wa watawala, huku wakipanga kimyakimya nani azae na nani, kwa vizazi tisini, ili hatimaye apatikane mtu mmoja wa kuona yasiyoonekana. Chimbuko lao liko karibu kuliko mtu anavyodhani: Herbert alipokuwa mtoto, ndugu wa kike wa upande wa mama yake, Wakatoliki wa asili ya Ireland, walimshikilia aingie katika dini yao. Aliwakatalia, lakini hakusahau uzito wa wanawake wengi wanaokubaliana jambo moja.

Chombo chao kikuu ni Sauti, yaani ustadi wa kumsemesha mtu akatii kabla hajawaza. Kitabuni huo si uchawi, na kazi yake huanzia sikioni. Mwanachama humsikiliza kwanza anayemkusudia: anavuta pumzi wapi, neno gani linamkwaza, anajivunia nini, anaogopa nini. Kisha hutafuta kiimbo kinachomwingia mtu huyo. Mzazi naye hutambua, kwa namna mtoto anavyoitika tu, kwamba kuna jambo limefichwa. Herbert aliuchukua ujuzi wa aina hiyo akausukuma hadi upeo wake. Kwa hiyo Sauti ina mpaka, na mpaka wenyewe ni sikio. Baron Harkonnen, adui mkuu katika riwaya, anapomteka Jessica, mwanafunzi hodari wa chama hicho, anaamuru azibwe mdomo, na katika ulinzi wake anatumiwa mtu kiziwi.

Wasomaji waliokijua kitabu kabla ya filamu hukumbuka zaidi mazungumzo ya Jessica na Thufir Hawat, mkuu wa ujasusi wa ukoo wa Atreides anamoishi Jessica; Hawat ameshawishika kwamba mwanamke huyo ni msaliti. Katikati ya maneno Jessica anatamka amri moja, na mzee huyo wa vita anaganda palepale. Hapigwi, hatishwi. Anaonyeshwa tu kwamba mwanamke anayemshuku angeweza kumtenda apendavyo siku zote hizo, na hakufanya hivyo. Jessica anamweleza na sababu: chama kikijulikana kwamba kinatawala watu kwa njia hiyo, watu wataungana kukiangamiza. Siri yao ni kinga yao. Mwishoni mwa riwaya Paul, mwana wa Jessica, anapigana kwa visu na Feyd-Rautha, mpwa wa Baron Harkonnen, ambaye mwili wake umepandikizwa neno la kumlegeza misuli. Paul analijua neno hilo, na anakataa kulitamka. Herbert alipima nguvu kwa kile ambacho mwenye nguvu anajizuia kukifanya, na hapo ndipo ubora wa kitabu ulipo.

Filamu ya David Lynch ya mwaka 1984 iliuvunja mpango huo. Mbinu za mwili ambazo kitabuni Paul anawafundisha watu wa jangwani ziliondolewa, mahali pake pakawekwa kifaa kinachopokea mlio wa kooni na kuugeuza kuwa pigo. Mawe yanapasuka. Jina la Paul la jangwani, Muad'Dib, linakuwa neno la kuua. Sauti ikawa bunduki, na bunduki haihitaji kumjua inayemlenga. Filamu hiyo iligharimu takriban dola milioni 40 na haikurudisha fedha hizo katika sinema za Marekani, ingawa wapo wanaoipenda hadi leo. Mfululizo wa televisheni wa John Harrison, wa mwaka 2000, ulirudi karibu na kitabu, lakini kwa upande wa Sauti haukuacha alama kubwa.

Denis Villeneuve, katika filamu ya mwaka 2021, alisahihisha kosa la Lynch kwa onyesho dogo la kifungua kinywa. Paul anataka maji. Jessica anamtaka ayapate kwa Sauti. Kijana anaikazia macho glasi, na mama anamkumbusha kwamba glasi haina masikio: amwamuru yeye. Jaribio linalofuata linakaribia kufaulu, mkono wa mama unaanza kunyooka kabla hajajizuia. Kanuni nzima ya Herbert imo mezani hapo. Mafundi wa sauti Mark Mangini na Theo Green walirekodi pia wanawake wa umri mkubwa, akiwemo mwimbaji Mwingereza Marianne Faithfull, wakachanganya rekodi hizo na sauti za waigizaji, hata amri ikasikika kama inatolewa na wahenga wa kike kwa pamoja. Filamu ilipata tuzo sita za Oscar, mojawapo ya sauti.

Hata hivyo ngurumo hiyo ina gharama. Kitabuni Paul anagundua kwamba ameamrishwa baada ya miguu yake kwisha kutii. Katika sinema mtazamaji huonywa na kishindo. Na tangu mwaka 2024 Sauti inazidi kugeuzwa silaha ya wazi. Katika mfululizo wa Dune: Prophecy, unaosimulia mwanzo wa chama miaka zaidi ya 10,000 kabla ya Paul, Valya Harkonnen, mkuu wa baadaye wa chama hicho, akiwa bado kijana anamlazimisha mpinzani wake kujiua kwa kisu. Onyesho hilo linatisha kweli, lakini anayesikilizwa hayumo.

Kwa anayetaka kuifahamu Bene Gesserit, mlango ungali ni riwaya ya 1965. Asome kwanza mazungumzo ya Jessica na Hawat, tena polepole, ndipo awashe televisheni.