Moto wa Kisra

Dola ya kwanza ya kubuni kukaa kichwani mwangu niliipata msikitini, miaka mingi kabla sijaona filamu yoyote ya mazimwi. Kijijini kwetu, kaskazini mwa Pemba, Maulidi ya Barzanji yakisomwa, mwalimu wetu wa chuo alikuwa na desturi ya kututafsiria watoto. Usiku aliozaliwa Mtume, ukumbi wa Kisra, mfalme wa Uajemi, ulitikisika na roshani 14 zikaporomoka. Ziwa la Sawa likakauka. Na moto wa Majusi, uliokuwa haujazimika kwa miaka 1,000, ukazimika.

Wakubwa walipaza sauti kumsalia Mtume. Mimi nilibaki na ule moto. Nani alikuwa akiutia kuni usiku? Mvua ikinyesha walifanyaje? Kwa maneno machache tu ya maulidi nilijijengea mji mzima: makuhani wenye vilemba vyeupe, kuta za dhahabu, moto mrefu kama mkarafuu.

Nyumbani neno Majusi lilikuwa na kazi nyingine. Kila Siku ya Mwaka, yaani Nairuzi, tukitoka kukoga pwani, bibi alizima moto wa jikoni, akazoa majivu yote kati ya mafiga matatu, akayapeleka njia panda, kisha akarudi kuwasha moto mpya. Mwaka mmoja mjomba alikuwa amerudi kutoka masomoni Arabuni. Akamwambia, kwa adabu, "Mama, haya ni mambo ya Kimajusi." Bibi hakuinua kichwa. "Mwanangu, mie natoa majivu. Wee ulitaka yakae?"

Sote tulicheka, mjomba naye. Lakini hoja yake haikuwa ya kupuuzwa. Nairuzi ni neno la Kiajemi, nauruzi, siku mpya. Mwaka wake una siku 365, zilizogawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, na tano za ziada mwishoni. Hauna mwaka mrefu, ndiyo maana kila baada ya miaka minne hurudi nyuma siku moja. Kalenda ya Wazoroasta, hao tunaowaita Majusi, nayo ina miezi 12 ya siku 30, na siku tano za ziada. Wazee wetu waliishika hesabu hii kwa sababu mwezi mwandamo hauhesabu kaskazi wala kusi. Walifunga Ramadhani kwa mwezi, wakapanda mpunga na kutweka matanga kwa Nairuzi.

Ilifikaje huku? Wapemba wengi hujiita Washirazi, na jina la mji huo wa Uajemi liliingia hata kwenye siasa zetu, kwenye Chama cha Afro-Shirazi kilichoundwa 1957. Wako wanahistoria walioona kwamba ni majivuno tu, watu kujitafutia babu wa mbali. Machi 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa vinasaba vya watu 80 waliozikwa kale, wengi wao katika miji ya pwani ya Kenya na Tanzania. Ulionyesha kuwa kuanzia karibu mwaka 1000 wanaume kutoka Uajemi walizaa na wanawake wa Kiafrika, na kwamba kwa wengi wa waliopimwa, zaidi ya nusu ya asili yao ilitoka kwa hao mama. Dola ya Kisra ilikuwa imekufa tangu mwaka 651. Basi wageni hao, kama walikuwa Waislamu, walikuja na dini mpya na hesabu ya zamani katika chombo kimoja.

Kwa hiyo tumekuwa tukishangilia kuzimika kwa moto, na huku tukihesabu siku kwa kalenda ya waliouwasha.

Nilipokuwa hosteli Dar es Salaam, wenzangu walikuwa wakiangalia Game of Thrones. Melisandre alipochoma watu kwa ajili ya Mola wake wa Nuru, chumba kizima kilipiga kelele. Nikaona kwamba katika hadithi za kubuni mwabudu moto ndiye mchomaji. Wazoroasta wa kweli hawakutaka hata maiti iguse moto, wasije wakauchafua. Kuhani wao hufunika mdomo kwa kitambaa ili pumzi yake isiufikie. Moto kwao, wenyewe husema, ni mahali pa kuelekea, kama kibla. Hata yale maswali yangu ya utotoni yana jibu: moto mkuu hukaa ndani ya nyumba, na kuhani huulisha mara tano kwa siku. Mara tano! Na kuni zake ni msandali, ule ule anaosingwa bi harusi wa kwetu kwa jina la liwa.

Wala hawakuwa mbali nasi. Wale waliohamia India, Waparisi, baadhi yao walifika Unguja. Farrokh Bulsara, ambaye dunia inamjua kama Freddie Mercury, alizaliwa Mji Mkongwe mwaka 1946 katika nyumba ya Kiparisi. Watalii hupiga picha mlangoni. Ni wachache wanaouliza wazazi wake walielekea wapi walipokuwa wakisali.

Bibi hayupo tena, na jikoni kwake sasa kuna jiko la gesi, ambalo halina majivu ya kutoa. Shangazi alinipigia simu mwaka jana kuniuliza, mimi msomi, kama bado kuna haja ya kufanya lolote Siku ya Mwaka. Nilimwambia azime jiko, alifute vizuri, aliwashe tena. Hilo si ibada ya mtu yeyote. Ni kukumbuka kwamba mwaka una mlango, na kwamba bibi aliujua ulipo.

Akanyamaza kidogo, kisha akaniambia nisimwambie mjomba. Mjomba mwenyewe siku hizi analima mpunga bondeni, na kila msimu ukikaribia humpitia shangazi kumuuliza imetimia miongo mingapi.