Miezi Saba Niliyoifuta

Nilifutwa kazi Alhamisi moja, saa nne asubuhi, kwa kosa nililolifanya mwaka mzima kabla ya siku hiyo.

Fomu ya maombi ilitaka niorodheshe waajiri wangu wote wa awali. Nilikuwa na mmoja tu, kituo cha kupokea simu za wateja kule Mombasa Road, nilikokaa miezi saba. Nikamruka. Miezi hiyo nikaandika "mwanafunzi", na hata huo ulikuwa uongo, maana chuo nilikiacha mwaka wa tatu karo ilipotushinda. Chini kabisa fomu ilionya kwamba ukidanganya unaweza kuachishwa kazi. Nilisoma. Nikatia sahihi.

Shida ni kwamba kule kwa kwanza pia nilifutwa. Mteja alikuwa ametuma pesa kwa nambari isiyo yake, akanitukana weee, mpaka akamfikia mamangu. Nikamjibu. Simu ilikuwa imerekodiwa, na kwenye kikao waliicheza mara mbili. Sikuitambua sauti yangu.

Baada ya hapo nilitafuta kazi miezi mitano, nikilala kwa binamu yangu Pipeline, chumba kimoja, kodi tukipigiwa mlango. Nani angeniajiri nihudumie wateja akijua nimemtusi mmoja?

Kazi mpya niliipata. Wiki mbili za mafunzo nilijifanya sijui vitu ninavyovijua vizuri, wakanisifu eti naelewa haraka. Nikathibitishwa. Mshahara wangu ukawa unamlipia mdogo wangu karo.

Kisha wakaleta mkufunzi mpya. Nikiwa kwenye foleni ya chai akanipiga bega: "Kumbe ulihamia huku! Bado una ule mdomo?" Alicheka. Hakuwa na ubaya wowote, lakini waliosikia walikuwa wengi. Wiki iliyofuata HR wakaniita, wakataka taarifa ya michango yangu ya NSSF. Nikawapelekea. Michango ya miezi saba ilikuwa hapo, pamoja na jina la mwajiri niliyemruka.

Siwezi kusema nilionewa. Walinipa barua, wakanipa siku ya kujitetea, wakaniambia nije na mfanyakazi mwenzangu, kama kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinavyotaka.

"Ungetuambia ukweli, unadhani tungekukataa?" meneja aliuliza.

"Ndiyo, madam."

Akafikiri kidogo. "Pengine. Lakini hukutupa hata nafasi ya kukukataa."

Jioni hiyo Mama alipiga simu. Nilikuwa nimekaa kitandani, viatu bado miguuni. Nikamwambia niko zamu ya usiku, nitampigia kesho. Nilivyokata simu ndipo nikaona nimeanza kufuta tena.

Kilichonichoma zaidi nilikisoma baadaye, usingizi uliponipaa, nikipitia sheria hiyohiyo kwenye simu. Kifungu cha 51 kinasema mwajiri lazima akupe cheti cha utumishi kazi ikiisha, mradi ulifanya angalau wiki nne mfululizo. Cheti kinataja mwajiri, jina lako, kazi uliyofanya na mahali, siku uliyoanza na siku uliyomaliza. Sababu ya kuondoka haimo kwenye orodha hiyo. Mimi sikuwahi kukiomba. Niliondoka na aibu yangu, nikiamini kila karatasi ya kule imeandikwa matusi niliyotoa.

Sisemi cheti kingeniokoa. Kwenye mahojiano bado wangeuliza kwa nini niliondoka, na pengine ningekosa kazi. Lakini swali hilo ningelijibu kwa dakika mbili, likaisha. Uongo niliulinda mwaka mzima, kila foleni ya chai, kila mtu alipouliza, "Kwani kabla ya hapa ulikuwa wapi?"

Mwezi uliopita nilirudi Mombasa Road kukiomba. Baada ya wiki moja nikakichukua kwa mlinzi langoni: mistari sita, hakuna mteja, hakuna mdomo. Sasa ninavyo viwili, na vyote nitavitaja, hata kama kwa sasa ninaishi kwa vibarua vya kuandika.

Jumapili nikampigia Mama, nikamweleza yote, kuanzia ile kazi ya kwanza. Nilingoja aniulize karo ya mdogo wangu itatoka wapi. Akauliza, "Na huyo mteja alisema nini kunihusu?"

Nikamwambia.

Akanyamaza mpaka nikadhani simu imekatika.

"Na wewe ukamjibuje?"

Hiyo pia nikamwambia.