Filamu ya picha za mnato iliyomrudishia jamaa mama yake

Kuna jamaa mmoja wa hapa mjini, mpenzi wa muvi za Marekani. Juzi kati katoka kuangalia 12 Monkeys ya mwaka 1995, ile ya Bruce Willis, mshikaji wake akamwambia imetokana na filamu fupi ya Kifaransa ya mwaka 1962, La Jetée, ya Chris Marker. Akaitafuta.

Mwanzoni alidhani simu imeganda. Hakuna anayetembea! Ni picha za mnato tu, nyeusi na nyeupe, moja baada ya nyingine, na sauti ya msimulizi. Kumbe ndivyo ilivyotengenezwa, kama dakika 28 hivi.

Stori yenyewe: mtoto yupo uwanja wa ndege wa Orly, Paris, anaona sura ya mwanamke, kisha mwanaume anaanguka na kufa. Vita ya tatu ya dunia inapita, waliopona wanaishi chini ya ardhi. Yule mtoto, sasa mtu mzima na mfungwa, anachaguliwa kurudishwa nyuma kwenye wakati uliopita, kwa sababu ile sura haijawahi kumtoka kichwani.

Hapo jamaa akakaa vizuri. Mama yake alifariki miaka sita iliyopita. Picha zake anazo kibao, ila kila akimkumbuka, mama hasogei. Amekaa vilevile, kitenge kilekile, kama kwenye picha ya kipaimara. Sauti ndiyo imefutika kabisa. Hajawahi kumwambia mtu. Mtoto gani anasahau sauti ya mama yake?

Sasa kwenye filamu, yule mwanamke amelala. Picha, picha, picha. Ghafla anafumbua macho na kupepesa! Ni sekunde chache tu, na ndiyo sehemu pekee inayocheza. Jamaa akairudisha mara tatu.

Saa tano usiku akampigia dada yake.

"Dada, hivi mama alikuwa anachekaje?"

Kimya. Akajua anagombezwa.

"Mdogo wangu, hata mimi nilikuwa naogopa kukuuliza."

Dada alikumbuka mama akiziba mdomo kwa pindo la khanga. Jamaa akakumbuka alivyokuwa akimpiga begani aliyekaa karibu. Wakaunganisha vipande. Sauti haikurudi, ila usiku ule mama alisogea.

Kama mzazi wako yupo, usiishie kumpiga picha. Mrekodi hata sekunde kumi, akikusema.