Mashuhuri ni Nani?

Miji midogo ya Ujerumani ninayoandika habari zake inafanana kwa mambo mawili: kila mmoja una historia ya reli, na kila mmoja una orodha ya watu mashuhuri. Mie si Mjerumani wala sijapanda ndege. Ni mwandishi wa kujitegemea, naishi Jomvu Kuu, na kuna mteja asiyenijua sura ambaye hunitumia majina ya miji ya Ulaya nimwandikie maelezo mafupi ya wasafiri. Mji uko wapi, treni ilifika lini, nani alizaliwa pale, nani alizikwa pale. Hulipa kwa hesabu ya maneno. Tangu niache chuo mwaka wa tatu, karo ilipotushinda nyumbani, miji hii ndiyo inayoninunulia unga.

Kazi yenyewe ukiizoea ni nyepesi. Huulizi kama mji una watu mashuhuri, maana lazima wapo. Mji wa watu elfu chache hautakosa mchungaji aliyetunga nyimbo, fundi aliyebuni mashine fulani, mwanasiasa aliyezaliwa juu ya duka la mkate. Majina yao yako tayari, na tarehe zao za kuzaliwa na kufa. Kazi yangu ni kuyapanga tu.

Halafu nikaletewa Korntal.

Korntal uko jirani na Stuttgart. Ulianzishwa mwaka 1819 na Waprotestanti waliotaka kuishi na kuabudu kwa taratibu zao wenyewe. Treni ilifika 1868, kwenye njia iliyotoka Zuffenhausen kwenda Ditzingen. Mwaka 1906 ikaongezwa njia ndogo ya kwenda Weissach, na tangu 1975 Korntal umeunganishwa na jirani yake Münchingen. Mpaka hapo ni kama miji mingine. Nilipofika kwenye watu mashuhuri nikakuta majina mawili ambayo mtoto yeyote aliyesoma huku kwetu anayajua: Ludwig Krapf na Johannes Rebmann. Wote wawili walifia Korntal, Rebmann mwaka 1876 na Krapf mwaka 1881.

Krapf na Rebmann ni watu wa Rabai, na Rabai ni hapo tu, juu ya vilima tunavyoviona kutoka kwetu. Krapf alifika Mombasa 1844, na mwaka huo huo akamzika mkewe na mtoto wao mchanga upande wa Kisauni. Rebmann akamfuata 1846, wakajenga misheni Rabai. Kutoka kisiwani kwenda Rabai njia nyepesi ilikuwa kwa mashua, kupanda hori ya Tudor, maji haya haya ambayo wavuvi wa Jomvu Kuu wanatega nyavu mpaka leo. Jomvu ulikuwa mji tayari. Wajomvu ni mmojawapo wa Miji Tisa ya Waswahili wa Mombasa, kama Wachangamwe walivyo mmojawapo wa Miji Mitatu. Wageni wale hawakupita porini. Walipita mbele ya watu wenye misikiti yao, makaburi yao, na lahaja yao.

Basi nikajiuliza swali ambalo mteja hakulipia: orodha ya watu mashuhuri wa Jomvu Kuu ni ipi?

Nilimuuliza mama. Akacheka, akaniambia, "Mwanangu, mashuhuri wa hapa ni mbu na foleni ya malori." Nikamwambia, na babu je? Babu mzaa mama alifanya kazi ya reli, kwenye kikosi cha kutengeneza njia. Akikaza nati, akibadilisha mataruma yaliyooza, akitembea juu ya chuma jua la utosi kutoka Changamwe kuelekea Mazeras na kurudi. Nilimkuta mzee, goti moja halikunji, lakini gari la mizigo likipita usiku alijua lina behewa nyingi au chache kwa mlio tu. Mama akanyamaza kidogo. Kisha akasema, "Babu yako hakuwa mashuhuri. Babu yako alikuwa mfanyakazi."

Jibu hilo lilinikaa. Nikaanza kusoma habari za reli yetu kwa jicho la kutafuta majina.

Majina yapo, tena mengi. Reli ya Uganda ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896, mhandisi mkuu akiwa George Whitehouse. Kutoka kisiwani ilivuka Makupa kwa daraja, nalo likaitwa Salisbury, jina la waziri mkuu wa Uingereza. Ikaingia Changamwe, ikapita huku kwetu, ikapanda Mazeras, ikafika Nairobi 1899. Ilipofika ziwani Desemba 1901, Kisumu ikaitwa Port Florence, jina la mke wa mhandisi. Mwaka 1900 afisa wa polisi wa reli, Charles Ryall, alivutwa na simba kutoka ndani ya behewa lake akiwa stesheni ya Kima. Behewa hilo limehifadhiwa, liko makumbusho ya reli Nairobi, unaweza kwenda kulishika.

Wahindi karibu 32,000 waliletwa kwa mkataba kujenga njia hiyo. Karibu 2,500 walikufa. Hao wana hesabu. Karani alikaa na daftari akaandika mmoja baada ya mwingine mpaka jumla ikapatikana, lakini kilichotufikia vitabuni ni jumla. Na hesabu hiyo ni ya Wahindi. Waafrika waliofyeka, waliobeba maji, waliochimba udongo pamoja nao hawamo ndani yake. Mtu mmoja aliyeliwa na simba ana jina, cheo na behewa. Wengine ni namba, na wengine hata namba hawakuipata.

Nikarudi kwa Rebmann, maana kuna kitu kilinisumbua. Kwa nini yeye ni mashuhuri? Alikaa miaka 29 huku, na waliobatizwa walikuwa wachache mno. Umashuhuri wake unatokana na siku moja, tarehe 11 Mei 1848, alipouona mlima Kilimanjaro na weupe juu yake, akaandika kwamba ni theluji. Habari ikachapishwa London mwaka uliofuata. Mabwana wa jiografia wakambishia, ati theluji haiwezi kukaa karibu na ikweta. Walipokuja kukubali, jina lake lilikuwa limeshaandikwa pale pale palipostahili.

Lakini soma maelezo yake mwenyewe ya siku ile. Alipouliza ule weupe ni nini, kiongozi wake wa njia alimjibu kwa neno moja: baridi. Kwa hiyo mtu wa kwanza kutoa jibu sahihi hakuwa Rebmann. Alikuwa mtu aliyeijua njia, aliyesema Kiswahili, ambaye hakuona ajabu yoyote ya kuandikia London. Msafara ule uliongozwa na Bwana Kheri, Mswahili wa pwani hii, mzoefu wa njia za bara. Jina lake tunalo kwa sababu wamisionari walilitaja katika kazi zao. Hakuna mji unaomweka kwenye orodha yake.

Yuko na mwingine. Rebmann alipozeeka macho yalimtoka. Mwaka 1875 alirudi Ulaya akiwa haoni, na aliyemshika mkono njia nzima alikuwa kijana wa Rabai, Isaac Nyondo. Fikiria hilo kidogo. Miaka 21 kabla Mombasa haijatandikwa hata chuma kimoja, mtu wa vilima vyetu alikuwa ameshafika Ulaya ya matreni, tena si kama mzigo wala maonyesho, bali kama macho ya mtu mwingine. Baada ya Rebmann kufa, Nyondo alirudi nyumbani. Mtu kama huyo angekuwa wa Korntal angekuwa na barabara yenye jina lake.

Nikamsomea mama habari ya Nyondo. Safari hii hakucheka. Akasema, "Huyo basi ni kama babu yako. Kazi yake ilikuwa mwenzake asianguke."

Hapo ndipo nilipofahamu kwamba mie na mama hatukubishana kuhusu babu. Tulikuwa tunabishana kuhusu neno. Kwake yeye mashuhuri ni mtu aliyejitokeza mbele ya wenzake, na babu hakupenda kujitokeza. Kwangu mie, baada ya miji yote hiyo ya Ujerumani niliyoiandika, mashuhuri ni mtu ambaye kuna aliyeona haja ya kumwandika. Yule mchungaji mtunga nyimbo hakuwa mkubwa kuliko watu wote wa mji wake. Palikuwa na mtu na kalamu, na mtu mwingine aliyetunza karatasi.

Na huku kwetu watu walijitokeza pia. Januari 1947 wafanyakazi karibu 15,000 waligoma Mombasa, wa reli na wa bandari wakiwa mstari wa mbele, mji ukasimama karibu wiki mbili. Walikutana kwenye uwanja walioubatiza wenyewe Kiwanja cha Maskini. Kiongozi wao, Chege Kibachia, alikamatwa Agosti mwaka huo akapelekwa kizuizini miaka kumi. Jina la Kibachia limebaki. Waliosimama uwanjani wakirudi jioni kwenye nyumba za reli za Changamwe bila ya chakula, hao ni "karibu 15,000."

Nayasema haya sasa kwa sababu wazee wanaondoka. Treni ya zamani ya abiria ya usiku, ile ya Mombasa na Nairobi, ilisimamishwa 2017. Mwezi Mei mwaka huo huo SGR ikazinduliwa, kilomita 472 mpaka Nairobi, na stesheni yake kubwa ya Mombasa iko Miritini, ndani ya Jomvu hii hii. Kila siku maelfu wanashuka pale na masanduku yao, wanapanda matatu, wanakwenda kisiwani au Nyali. Hawana haja ya kusimama kwetu. Tumekuwa mji wenye stesheni, kama Korntal. Kitu cha pili ndicho hatuna, na hicho hakiletwi na serikali wala mkandarasi.

Nimeanza daftari. Kila Ijumaa baada ya swala nakaa barazani na mzee mmoja aliyewahi kufanya kazi ya reli au bandari, au na mama aliyekuwa akiuza uji alfajiri kwa watu wa zamu. Naandika jina lote, jina la baba, kazi, miaka aliyoikumbuka, na kitu kimoja alichokijua vizuri kuliko wengine. Mmoja alijua kusikiliza chuma kwa nyundo akatambua kilipopasuka. Mmoja alijua ni behewa zipi zilivuja wakati wa masika. Hakuna anayenilipa kwa maneno hayo. Mpaka sasa ni watu kumi na mmoja.

Majina yao siyaweki hapa, kwa kuwa sijamaliza kuwaomba ruhusa wao na watoto wao. La babu pia silitaji. Mama bado anafikiria. Juzi lakini alikuja mwenyewe na bahasha ya zamani, ndani mna kitambulisho cha kazi, picha imefifia, namba inasomeka kuliko uso. Aliliweka juu ya daftari langu akasema niandike na kwamba alikuwa akipenda chai ya tangawizi.

Nimeandika.